Namba ya Ng'ambo Ifike Kama Ilivyo: Barua ya Wazi kwa Wenye Mamlaka ya Simu

Waheshimiwa wasimamizi wa mawasiliano wa Tanzania, Oman na Falme za Kiarabu. Waheshimiwa wakuu wa kampuni za simu wa pande zote mbili za bahari,



Nawaandikia kutoka Unguja, kutoka nyumba ambayo nusu ya watu wake wanaishi ng'ambo. Mdogo wangu wa kike yuko Maskati, mjomba alihamia huko kabla sijazaliwa, na vijana wa mtaani kwetu wametawanyika Dubai, Sharjah na Salalah. Visiwa hivi na pwani ile vimezoeana tangu enzi za majahazi. Mwaka 1879, waya wa telegrafu ulipolazwa chini ya bahari kutoka Aden kwenda Durban, Zanzibar ilikuwa kituo chake. Mwaka 2009 ukaja mkongo wa TEAMS, kutoka Fujairah hadi Mombasa. Kwa hiyo habari ya umbali msituambie. Mwanga ndani ya mkongo huo unazikata kilomita kama 5,000 kwa muda usiofika sehemu ya ishirini ya sekunde. Zamani, sauti ilipolazimika kupanda hadi kwenye setilaiti, kilomita 36,000 juu, kisha ishuke, tulielewa kwa nini ukisema "hujambo" jibu linachelewa, mnaishia kusema wawili kwa pamoja, halafu wote mnanyamaza mkingojana. Siku hizi sababu hiyo haipo. Kinachotukwamisha ni bei, vizuizi na uzembe, na vyote vitatu viko mikononi mwenu.

Haya tumeyasema barazani mpaka tumechoka, na barazani hakuna mwenye ufunguo. Nayaleta kwenu moja moja.

1. Simu ya ng'ambo inafika na namba ya hapa hapa.

Mdogo wangu anapiga kutoka Maskati kwa namba yake inayoanza na +968. Kwenye simu ya mama inatokea namba ya nchini, ya 07, ambayo mama haijui. Akirudia baada ya muda, inatokea nyingine kabisa. Wenye kazi hizi mnaijua sababu. Simu ile haikupita mlango wa halali. Imeuzwa njiani kwa bei ya kutupa, ikapitishwa kwenye intaneti, ikaingia katika kisanduku kilichojazwa laini za hapa, wenyewe wanakiita simboksi, nacho kikaitoa kama simu ya ndani. Faida ya mwenye kisanduku inatokana na tofauti ya bei, kwa kuwa dakika inayoingia kutoka nje hulipiwa ghali na dakika ya ndani ni rahisi. Serikali inakosa mapato, kampuni zinakosa mapato, na hilo mmelisemea sana; watu wamekamatwa na kufikishwa mahakamani. Hasara ya anayepokea simu sijasikia ikitajwa.

Mama ni mtu mzima na simu yake ni kitochi. Kwa miaka sasa amefundishwa, redioni na kwa ujumbe mfupi, asiamini namba asiyoijua. Ni mafundisho mazuri. Matapeli wa "ile hela tuma kwenye namba hii" wamewaliza wengi, na mazungumzo yao huanza vile vile: "Mama, ni mimi, simu yangu imeharibika, natumia ya mwenzangu." Basi namba ngeni mama hapokei.

Siku moja mdogo wangu alipiga na kupiga, mpaka mama akachoshwa na mlio, akapokea. "Mama, ni mimi, napiga kutoka Maskati." Namba ni ya hapa, na mtu anasema yuko Maskati! Mama akamwambia: kama ni wewe kweli, nani alipika pilau siku ya harusi ya kaka yako? Mdogo wangu akasema ni shangazi. Mama akasema mwongo wewe, pilau ya shangazi iliungua, ikabidi aitwe mpishi wa Jang'ombe. Mdogo wangu akasema iliyoungua ni ile ya maulidi, ya harusi haikuungua. Huku sauti inakatika na kurudi, na mama anayasikia maneno yake mwenyewe yakimrudia sikioni, akaamini kuna mtu anamwigiza. Wakabishana juu ya pilau hiyo hadi mama akaridhika kwamba huyu ni binti yake, maana hakuna tapeli angeweza kubisha namna ile. Kufika hapo, salio la Maskati limekwisha. Habari iliyomfanya apige, kwamba anafika Alhamisi kwa ndege ya alfajiri, haikusemwa. Alifika, akakaa kiwanja cha ndege na masanduku yake na mtoto mchanga mapajani, hakuna wa kumpokea.

Mtaa mzima ulicheka. Sasa chukueni simu hiyo hiyo, iwe imebeba habari ya msiba. Kwetu maiti hazikai. Mtu akifariki usiku huzikwa mchana wake, na aliye mbali hutegemea simu imkute ili angalau aombe dua saa ile ambayo wenzake wamesimama kaburini. Namba ya uongo inamnyima hata hilo.

Na hapa nina swali ninalotaka lijibiwe hadharani. Tarehe 20 Januari 2020 Tanzania ilianza kuzifunga laini zisizosajiliwa kwa alama za vidole. Watu walipanga foleni tangu alfajiri, wazee walishikwa mikono kupelekwa, na walio ng'ambo, ambao vidole vyao viko ng'ambo, wapo waliopoteza laini walizokuwa nazo kwa miaka. Tukavumilia kwa sababu tuliambiwa utapeli utapungua. Ikiwa kila laini ina kidole cha mtu, laini zinazojazwa kwenye visanduku hivi zina vidole vya nani? Tumeambiwa tupige *106# tuone laini zilizosajiliwa kwa majina yetu, na tunayo 15040 ya kuwaripoti matapeli. Sawa, tunatumia. Lakini laini ambayo haipokei simu, haihami mnara, na inapiga usiku na mchana kwa watu wasiohusiana hata kidogo, kampuni inaiona kwenye mitambo yake kabla mwananchi hajashtuka.

Ninachoomba ni hiki. Kila kampuni ipige simu za majaribio kutoka Oman na Falme za Kiarabu kuja hapa, kila mwezi, na msimamizi atangaze ni ngapi zilifika na namba zake halisi, jina la kampuni likitajwa. Pili, iwepo njia ya kuripoti simu ya nje iliyokuja na namba ya ndani, kama ilivyo kwa ujumbe wa kitapeli, na laini hiyo ifungwe siku hiyo hiyo. La tatu ndilo kubwa: shusheni malipo ya kuipokea dakika ya kutoka nje. Tangu mwaka 2013 Tanzania ina mtambo wa TTMS unaozihesabu dakika hizo, hesabu mnazo. Wekeni kwenye mizani kile kinachokusanywa kwa bei ya juu na kile kinachoibwa kwa sababu ya bei ya juu. Pengo likiwa dogo, mwenye kisanduku hana biashara. Majirani zetu Kenya, Uganda na Rwanda walianza safari hiyo mwaka 2014 katika mpango wa kuifanya mitandao yao kuwa eneo moja, wakaondoa tozo za juu kwa simu zinazovuka mipaka yao.

2. Ujumbe wa sauti unapita, simu haipiti.

Hili nalielekeza zaidi kwa waheshimiwa wa Ghuba. Oman na Falme za Kiarabu kwa miaka mingi zimezizuia simu za intaneti kwenye programu zisizo na kibali, na WhatsApp ni mojawapo. Maandishi yanakwenda, picha zinakwenda, ujumbe wa sauti unakwenda. Ukibonyeza kupiga, kimya. Matokeo yake ni kwamba familia nzima za pwani hii zinaendesha maisha kwa ujumbe wa sauti. Mtu wa Dubai anauliza asubuhi, wa Unguja anasikiliza adhuhuri akirudi sokoni, anajibu magharibi, na jibu linasikilizwa usiku wa manane zamu ya kazi ikiisha. Maswali matano yanajibiwa kwa "ndiyo" mbili na "sijui" moja, na hakuna ajuaye ipi ni ya lipi.

Mwaka wa posa ya kijana mmoja wa ukoo wetu aliye Dubai, wazee walikwenda kwa wakwe watarajiwa siku zile zile ambazo kaka yangu alikuwa akitafuta ng'ombe wa hitima. Kijana akatuma: "Mmemwona? Wanasemaje?" Alikuwa akimuuliza kaka habari za posa. Kaka, ambaye asubuhi hiyo aliulizwa na mjomba wa Maskati habari za ng'ombe, na kundi la familia ni moja, akajibu kwa sauti, tena kwa utulivu wa mtu aliyefanya kazi yake vizuri: "Nimemwona. Ni mzima, mnene, lakini ana hasira na jicho moja haoni sawasawa. Wanataka milioni moja na nusu na hawapungui. Mimi nashauri tumwache, tutafute mwingine."

Kijana aliyasikiliza hayo kazini, wakati wa mapumziko. Akajibu kwa maneno ambayo kaka hakuyaelewa, naye kaka akamjibu ajue kwamba ng'ombe si wake peke yake. Ujumbe huo wa pili ukachelewa kufika. Kwa siku nzima na usiku wake kijana akaamini kwamba wazee wake wamemtukana mchumba mbele ya kundi lenye watu zaidi ya arobaini, mama mkwe mtarajiwa akiwa mmoja wao. Simu ya dakika moja, sauti kwa sauti, ingemaliza yote. Ilibidi mtu akanunue muda wa maongezi wa kimataifa, kwa bei ya kilo kadhaa za mchele, aeleze kwamba aliyekuwa na jicho bovu ni ng'ombe. Ndoa ilifungwa, alhamdulillah. Mama mkwe bado analikumbuka jicho.

Waheshimiwa, mnafahamu kwamba kuzuia si amri ya maumbile. Saudi Arabia ilitangaza Septemba 2017 kuziruhusu programu za simu za intaneti zinazotimiza masharti yake. Ninyi wenyewe wa Falme za Kiarabu, Machi 2020, maradhi ya korona yalipofunga skuli na ofisi, mliruhusu kwa muda baadhi ya programu za mikutano ili watu wafanye kazi na watoto wasome. Mlikubali kwamba mwanafunzi anahitaji kumsikia mwalimu wake. Mfanyakazi naye anahitaji kumsikia mama yake, na haja hiyo haikuisha maradhi yalipopungua. Naomba mziruhusu simu za sauti katika programu ambazo watu wanazo tayari kwenye simu zao. Kama mnaona lazima kampuni zenu zipate kitu, tozeni ada ndogo ya mwezi, iwe wazi, iwe ambayo mtumishi wa ndani anaweza kuilipa bila kupunguza anachotuma nyumbani.

3. Yule mama wa kwenye simu.

Hili ni dogo lakini linakera kila siku. "Namba unayopiga haipatikani kwa sasa." Haipatikani kwa nini? Imezimwa? Imefungwa? Salio langu halitoshi kupiga nje? Njia ya kimataifa imeelemewa? Mwanamke yule husema sentensi ile ile kwa mambo yote. Bibi yangu alikuwa akimjibu kwa adabu, akimwomba amwambie mwanawe kwamba amepiga, na alikata simu akiamini salamu zimefika. Ukiunganishwa na upande wa pili husikia Kiarabu kisha Kiingereza. Nawaomba kila sababu iwe na maneno yake, na simu inayopigwa kutoka Tanzania isikwame bila kuelezwa kwa Kiswahili. Mitambo yenu inaijua sababu tangu sekunde ile ile. Tuambieni.

4. Vifurushi.

Mmetuzoesha vifurushi, nasi tumezoea. Lakini kifurushi cha "mitandao yote" kinaishia mpakani, na anayempigia mwanawe Oman huligundua hilo salio likishakatwa. Vifurushi vya kimataifa vyenyewe vina orodha za nchi, na mara nyingi nchi zenye watu wetu wengi hazimo, au zimo kwa dakika chache zinazokufa baada ya saa 24. Wapwa zangu waliokulia Maskati husema "saa nane usiku" wakimaanisha saa mbili yetu. Bibi yao amewahi kununua kifurushi, akakesha hadi saa nane ya Kiswahili akiwangoja, na kilipomwishia muda hakuwa ametumia hata dakika moja. Saa ni mambo yetu ya kifamilia, tutayamaliza wenyewe. Dakika zilizolipiwa ni mali ya mnunuzi, na kumnyang'anya kwa sababu ya kupambazuka ni dhuluma.

Kuna jambo jingine ambalo mtu wa hesabu hawezi kuliona. Sisi hatuwezi kuanza mazungumzo bila salamu. Mtoto anaamkia, shikamoo, marahaba, hamjambo, watoto hawajambo, mumeo, majirani, mvua imenyesha? Ukizikatisha, mzee anajua kuna kitu kibaya, na moyo unamwenda mbio kabla hujasema neno. Kwa bei ya simu za nje, salamu peke yake hula nusu ya salio la mtu wa kawaida. Naomba bei yenye kikomo kinachotangazwa. Nchi za Umoja wa Ulaya ziliweka kikomo kama hicho tarehe 15 Mei 2019, senti 19 za yuro kwa dakika, kabla ya kodi, kwa simu kutoka nchi moja mwanachama kwenda nyingine. Tanzania na Oman, kwa udugu wanaousifia katika kila ziara ya viongozi, wanaweza kukaa mezani wakaandika kikomo chao. Na dakika za kimataifa zikinunuliwa, zibaki mpaka zitumike.

5. Mabinti waliomo majumbani mwa watu.

Nimeliacha nyuma kwa sababu ndilo lililonifanya nishike kalamu. Pilau na ng'ombe tunacheka, maana mwisho wake tulionana. Wapo ambao simu isipofika, hatuna njia nyingine ya kujua kama wazima.

Wasichana wa Unguja, Pemba, Tanga na bara wanakwenda Oman na Falme za Kiarabu kufanya kazi za ndani. Wengi wanatendewa wema na kurudi na kitu. Wengine hapana. Novemba 2017 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti juu ya wafanyakazi wa ndani wa Kitanzania katika nchi hizo mbili, na humo mna pasipoti zilizozuiwa, mishahara isiyolipwa, siku za kazi zisizo na mwisho, kupigwa. Binti wa aina hiyo hana afisa wa kumtembelea. Ana mama yake, na mama anajua kwa sauti. Maandishi yanaweza kuandikwa na mtu mwingine. Ujumbe wa sauti unaweza kurekodiwa bosi akiwa amesimama pembeni, ukafutwa, ukarekodiwa tena mpaka upendeze. Simu ya moja kwa moja, mama akauliza jambo la ghafla kuhusu nyumbani, na binti akasita kabla ya kujibu, hapo mama anajua. Sisi tunasikilizana hivyo.

Mkizuia simu ya bei nafuu, mkaacha ile ya bei ghali ipitishwe vichochoroni na kufika na namba ya uongo ambayo mama kafundishwa asiipokee, mmemwachia binti yule nini?

Kwa hiyo ombi la tano ni la haraka kuliko yote, na halihitaji mkongo mpya wala sheria ndefu. Kila mfanyakazi wa ndani Mtanzania anayeingia Oman au Falme za Kiarabu apewe, pamoja na mkataba wake, laini ya jina lake mwenyewe yenye dakika za bure za kupiga nyumbani kila wiki, na namba ya ubalozi wa Tanzania isiyotozwa chochote. Gharama ibebwe na wakala aliyempeleka na kampuni zinazochuma kwa simu za watu wetu. Mkataba uandike wazi kwamba simu hiyo haichukuliwi na mwajiri. Na simu zinazotoka kwenye laini hizo zifike Tanzania kwa njia ya halali, zikiwa na namba zake, ili mama wa Micheweni akiona +968 ajue ni mwanawe, apokee.

Nimeomba mambo yanayopimika: simu za majaribio na matokeo yake kutangazwa, bei ya kupokea kushushwa, programu kufunguliwa, sababu kutajwa, dakika kutokufa, laini za mabinti. Kwa kila moja naomba mtutajie ofisi inayohusika na tarehe. Kama kuna mtakalolikataa, likataeni kwa maandishi na kwa jina la cheo, ili tujue pa kwenda. Majibu yenu yatolewe hadharani kama barua hii ilivyo hadharani, na kwa Kiswahili, maana wanaoyasubiri wengi hawana lugha nyingine.

Wenu kwa heshima,

Dada na jirani wa walio ng'ambo,
Unguja